Upole si Unyonge

Katika miaka yote niliyosimama mbele ya darasa, neno lililonisumbua zaidi kulieleza halikuwa la kigeni. Lilikuwa letu wenyewe: upole. Tulipokuwa chuo cha ualimu, mwanzoni mwa miaka ya 1970, hakuna mwanachuo aliyetaka kuitwa mpole. Mwalimu mpole, kwa lugha ya mabwenini, alikuwa yule ambaye kelele za darasa lake husikika mpaka barabarani. Mkali ndiye aliyesifiwa. Lakini nikirudi likizo nyumbani Kimbiji nilikuta neno lile lile lina maana nyingine kabisa. Huku kwetu mzee akifariki, sifa ya kwanza inayotajwa matangani ni kwamba marehemu alikuwa mpole, na hutajwa kwa heshima ile ile anayopewa nahodha aliyevusha watu salama wakati wa kusi.

Je, chuoni na kijijini tulikuwa tukisema neno moja, au maneno mawili yanayofanana sauti? Nimelitafutia jibu swali hili katika historia ya pwani yetu, maana neno hili lina historia, nayo imepita katika mambo mazito: utumwa, vita, na ile njia ya kiroho ambayo wazee wetu waliiita twarika. Namwomba msomaji anivumilie nikianzia mbali kidogo.

Kimbiji iko kusini mwa Dar es Salaam, ufukweni mwa Bahari ya Hindi. Zamani tulihesabiwa Temeke, na tangu Temeke ilipomegwa tuko Wilaya ya Kigamboni. Ni nchi ya Wazaramo na wageni waliogeuka wenyeji, wavuvi na wakulima wa minazi na mihogo. Mtu akipita haraka ataona watu wote wamefanana. Haikuwa hivyo katika karne ya 19. Pwani ya Mrima ilikuwa na waungwana na ilikuwa na watumwa. Watumwa nao walipangwa kwa daraja: waliozaliwa pwani waliitwa wazalia, na walioletwa karibuni kutoka bara waliitwa wajinga, kwa kuwa hawakujua lugha wala desturi. Mngwana alitambulika kwa kanzu yake, kwa kofia yake, kwa nasaba yake, na hasa kwa mwenendo wake: sauti ya chini, mwendo wa taratibu, ulimi usiotukana hadharani. Mtumwa naye alitakiwa awe mnyenyekevu, ainamishe kichwa na asijibu. Kwa nje watu hawa wawili walionekana kufanya jambo moja, yaani wote walinena taratibu. Lakini wa kwanza alinena taratibu kwa kuwa hakuna aliyeweza kumkemea, na wa pili kwa kuwa kila mtu aliweza.

Katika jamii ya namna hiyo ndipo twarika ziliposhika mizizi. Twarika maana yake ni njia. Iliyoenea zaidi katika pwani yetu ni Kadiria, inayonasibishwa na Sheikh Abdul Kadir Jilani aliyefariki Baghdad mwaka 1166. Nyingine ni Shadhilia, iliyotufikia kwa kupitia Visiwa vya Ngazija, ambako Sheikh Muhammad Maaruf wa Moroni, aliyefariki 1905, aliifundisha kwa bidii. Kadiria ilipata nguvu kubwa Afrika Mashariki kwa mkono wa Sheikh Uways bin Muhammad wa Barawa, aliyezaliwa 1847, akasoma Baghdad, kisha akakaribishwa Unguja zama za Sultani Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 mpaka 1888. Kutoka Unguja makhalifa wake walivuka mpaka Mrima, na kutoka Mrima njia ilifuata misafara kuelekea Tabora na Ujiji.

Msomaji asiyepata kuona mambo haya huenda akadhani twarika ni ngoma na bendera tu. Kweli bendera zipo, na matari yapo katika baadhi yake, na dhikiri ya Kadiria ina namna ya kuvuta pumzi kutoka kifuani ambayo watu wa nje waliipachika jina la dhikiri ya kukohoa. Lakini hayo ni maganda. Kiini chake ni mafunzo juu ya nafsi. Muridi hufundishwa kwamba nafsi ina hali tofauti. Iko nafsi inayoamrisha maovu, ambayo humsukuma mtu kama upepo unavyosukuma dau lisilo na usukani. Iko nafsi inayojilaumu, ambayo imeamka lakini bado inapigana na mwenyewe. Na iko nafsi iliyotua, ambayo haiyumbishwi na sifa wala na matusi. Kazi ya muridi ni kuitoa nafsi yake katika hali ya kwanza na kuifikisha katika ya mwisho. Vifaa vyake ni uradi wa kila siku baada ya sala, tasbihi, kufunga, kuwahudumia wageni, na utii kwa sheikh aliyempa ijaza, ambaye naye ana sheikh wake, mpaka mnyororo ufike kwa mwanzilishi.

Hapo ndipo neno upole lilipopata maana mpya. Upole wa muridi haukutegemea nasaba yake, wala haukutokana na hofu ya bwana wake. Ulikuwa tunda la kazi aliyoifanya ndani, usiku, peke yake. Mtu anaweza kuzaliwa mngwana na nafsi yake ikawa mjinga wa jana, na mtu anaweza kushushwa jahazini akiwa amefungwa kamba na nafsi yake ikatua kuliko ya bwana wake. Katika mduara wa dhikiri watu husimama wameshikana mikono, bega kwa bega, na mduara hauna kichwa wala mkia. Hili halikuwa jambo dogo katika miji ambayo kila mtu alijua mahali pake pa kukaa barazani.

Baadhi ya wenzangu hupenda kusema kwamba watu wa pwani walikimbilia tasbihi kwa sababu hawakuwa mashujaa. Historia haikubali. Mwaka 1888 pwani yote ya Mrima iliwaka moto dhidi ya Kampuni ya Wajerumani. Abushiri bin Salim alipigana mpaka akanyongwa Pangani tarehe 15 Desemba 1889, na Bwana Heri wa Sadani alipigana hata baada yake. Mwaka 1905 vita vya Maji Maji vilianza katika milima ya Matumbi, na Wazaramo wa upande wa kusini nao waliingia. Kinjikitile Ngwale alinyongwa Mohoro mwezi Agosti mwaka huo huo, vita vikiwa vichanga, navyo viliendelea mpaka 1907. Wajerumani wenyewe walihesabu Waafrika 75,000 waliokufa, na wanahistoria waliofuata wamesema hesabu hiyo ni ndogo mno, kwamba kwa vita na kwa njaa iliyofuata waliangamia kati ya 250,000 na 300,000. Hawa si watu walioogopa kufa. Walijaribu nguvu ya mkono mara mbili katika miaka 20, na mara mbili mkono ulivunjwa.

Ni katika majivu ya vita hivyo ndipo Uislamu, na twarika pamoja nao, ulipoenea haraka katika vijiji vya Uzaramo na kusini. Wajerumani waliona watu wanakaa chini usiku wakitaja jina la Mungu, wakaingiwa na wasiwasi. Mwaka 1908 ilizagaa barua iliyosemekana kutoka Makka, ikiwataka Waislamu watubu na kujiandaa kwa siku ya mwisho. Huko Lindi ilisomwa hadharani, na maafisa wa serikali wakashtuka wakidhani uasi mwingine unakuja, wakawashuku masheikh na twarika zao. Uasi haukutokea. Nimeifikiri sana hofu ile. Serikali iliyokuwa na mizinga iliogopa watu waliokuwa na tasbihi. Nadhani iliwaogopa kwa sababu mtu aliyenyang'anywa silaha anaweza kuhesabiwa kuwa ameshindwa, lakini mtu ambaye utulivu wake hautoki kwako hujui umemshinda au hujamshinda.

Mwaka uliofuata, 1909, Sheikh Uways mwenyewe aliuawa huko Somalia. Hakuuawa na Wazungu. Aliuawa na wafuasi wa Sayyid Muhammad Abdille Hassan, aliyekuwa akipigana na wakoloni kwa upanga na ambaye hakukubaliana na mwendo wa Kadiria. Nalitaja tukio hili ili msomaji asidhani kwamba njia ya upole ilikuwa njia ya usalama.

Sasa nifike Bagamoyo, maana huko ndiko alikoishi mtu ambaye kwangu ni ushahidi mkubwa kuliko hoja zote. Jina lake Yahya bin Abdallah, lakini watu walimjua kama Sheikh Ramiya. Alizaliwa Manyema, mashariki ya Kongo, akafikishwa pwani akiwa mtumwa katika nyumba ya Amir bin Suleiman al-Lamki, Mwarabu mkubwa wa Bagamoyo. Alipopata uhuru alianza na biashara ndogo, akajipatia minazi, na wakati huo huo akasoma. Alisoma mpaka wenye elimu wakamkubali kuwa mwenye elimu. Alipewa ijaza ya Kadiria, akafungua mafunzo, na mpaka alipofariki mwaka 1931 alikuwa kiongozi wa twarika mwenye wafuasi kuanzia Mrima hadi bara. Maulidi ya Bagamoyo yalivuta maelfu ya watu, na wakati wake wa mwisho watoto wa waungwana walikuwa wakienda kubusu mkono wa mtu ambaye babu zao wangemwita mjinga.

Tuzitazame tarehe. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa 1873. Hali ya utumwa ilifutwa kisheria Unguja mwaka 1897. Lakini Tanganyika sheria ya kuufuta utumwa ilipitishwa 1922 tu, chini ya Waingereza. Maana yake ni kwamba Sheikh Ramiya alikwisha kuwa sheikh anayefuatwa katika nchi ambayo sheria yake ilikuwa bado inautambua utumwa. Hakusubiri karatasi. Wala sisomi popote kwamba alisimama sokoni kuwatukana waliomnunua. Alisoma, akafundisha, akakaa mahali pamoja, na mji ukageuka ukamwelekea.

Nayaandika haya kwa sababu yanagusa nyumba yetu. Babu yangu mzaa mama alikuwa mvuvi hapa Kimbiji na muridi wa Kadiria. Mama yake aliletwa pwani akiwa msichana kutoka upande wa Ziwa Nyasa, akafanya kazi katika shamba la minazi la watu. Jambo hili halikusemwa nyumbani kwetu. Tulilijua kama watoto wanavyojua mambo, kwa kuona nani anakaribishwa mkekani na nani anaachwa mlangoni.

Nilikuwa na umri wa miaka kama minane nilipofuatana naye kwenye maulidi ya harusi katika nyumba ya watu wenye jina. Waliokuja wakapangwa. Babu alionyeshwa mahali karibu na mlango, penye viatu, naye akaketi bila neno, mimi ubavuni pake. Msomaji aliyealikwa kutoka mjini akachelewa, na usiku ukawa unakwenda. Pale barazani aliyekuwa ameihifadhi Barzanji yote kwa moyo ni babu peke yake, na kila mtu alilijua hilo. Mwenye nyumba akainuka akaja kumwomba asogee mbele, kwenye mto na chetezo. Babu akamshika mkono wa mwenye nyumba kwa mikono yake yote miwili, akamwambia kwa sauti ya chini, "Nitawasomea, bwana wangu, kwa furaha. Lakini hapa mliponiweka panatosha." Akaanza kusoma pale pale. Na kwa kuwa si adabu kumpa mgongo msomaji wa maulidi, baraza zima, wazee kwa vijana, likajigeuza taratibu mikekani likaelekea mlangoni.

Nilipokuwa kijana nilisimulia kisa hiki nikicheka, kama ujanja wa mzee. Nilipokuwa mtu mzima kilianza kunitia mashaka. Mwenzangu mmoja, mwalimu wa historia mwenye akili kali, aliwahi kuniambia kwamba upole wa babu yangu ni kovu la mnyororo; kwamba mtoto wa mtumwa alirithi kuinamisha kichwa, kisha akapewa dini ya kumwambia kuwa kuinama ni utakatifu. Hoja hii haifai kupuuzwa. Kila mwenye nguvu hupenda kuwahubiria subira anaowakandamiza. Na ziko nyumba nyingi hata leo ambamo upole unadaiwa kwa mke asidaiwe mume, unadaiwa kwa mtoto wa kike asidaiwe kaka yake. Binti akipigwa anaambiwa avumilie. Huo si mwendo wa twarika wala wa dini yoyote niijuayo. Ni unyonge uliovishwa jina la heshima.

Basi tutautofautishaje upole na unyonge, ikiwa kwa nje vyote viwili vinasema kwa sauti ya chini? Jibu ninaloweza kulitoa baada ya kulifikiri kwa miaka mingi ni hili. Mnyonge hawezi kusema hapana. Mpole anaweza, na akiisema haimlazimu kupaza sauti. Babu alikubali kuketi mlangoni, kwa sababu mahali pa kukaa hapakumpunguzia kitu. Alikubali kusoma, kwa sababu maulidi si mali ya mwenye nyumba. Lakini alikataa kusogezwa mbele kama chombo kinachotolewa kabatini siku ya haja. Kukubali mara mbili na kukataa mara moja, katika usiku mmoja, bila hasira, si tabia ya mtu aliyevunjwa. Mtumwa aliyevunjwa angeruka kwenda kwenye mto kwa furaha ya kuitwa. Mwenye kinyongo angegoma kusoma. Kilichomzuia asifanye hili wala lile hakutoka nacho tumboni mwa mama yake. Alikipata kwa miaka mingi ya kuamka alfajiri na kuishika nafsi yake.

Wala sitaki kuifanya twarika kuwa kitu kisicho na dosari. Twarika hazikuwaondoa Wajerumani, na haikuwa dhikiri iliyoandika sheria ya 1922. Makhalifa nao waligombana juu ya urithi wa uongozi, kama binadamu wote. Leo wako Waislamu wengi, tena wasomi, wanaoyapinga maulidi na dhikiri za namna ile, nao wana hoja zao. Mimi si mwamuzi wao. Ninachosema ni cha kihistoria: kwamba katika wakati mgumu kuliko wote, njia hii iliwapa watu waliopokonywa kila kitu mahali pa kusimama ambapo hapakupokonyeka, na kwamba kusimama huko baadaye kulizaa matunda nje ya misikiti.

Mtoto wa Sheikh Ramiya, Sheikh Muhammad Ramiya, aliyemrithi baba yake, alikuwa miongoni mwa viongozi wa TANU huko Bagamoyo. TANU yenyewe, iliyoanzishwa tarehe 7 Julai 1954, ilikuwa ya watu wa dini zote, na Mwalimu Nyerere alikuwa Mkatoliki. Siwezi kudai kwamba siasa yake ilitoka twarikani. Lakini nadhani wazee wa pwani walipomsikia waliutambua mwendo wake. Januari 1958 chama kilikutana Tabora kuamua kama kishiriki uchaguzi wa kura tatu, ambao ulimlazimisha kila mpiga kura amchague Mwafrika, Mzungu na Mwasia. Ilikuwa dharau iliyo wazi. Wengi walitaka kususa, na baada ya mkutano Zuberi Mtemvu alijitenga akaunda chama chake cha ANC. Mwalimu aliwashawishi wajumbe waingie katika kura ile mbovu na kuishinda humo humo. Waliingia, na wagombea waliokuwa wakiungwa mkono na TANU wakashinda. Tarehe 9 Desemba 1961 tulikuwa huru. Uamuzi wa Tabora tunauita Uamuzi wa Busara. Mimi kila nikiusoma naona watu waliokubali kuketi mlangoni, kisha baraza likageuka.

Siku hizi wanaonijia nyumbani zaidi ni vijana wenye migogoro ya ardhi. Tangu daraja la Kigamboni lifunguliwe mwaka 2016, mji umetukaribia, bei ya viwanja imepanda, na mashamba ya minazi ya wazee yanapimwa na watu ambao hatukuwahi kuwaona. Kijana huja na hasira, wakati mwingine na panga, akisema shamba la marehemu baba yake limeingiliwa. Nikimwambia awe mpole ananitazama kama wanachuo wenzangu walivyolitazama neno hili miaka 50 iliyopita. Huniuliza, "Niwe mpole mpaka lini, mwalimu?"

Huwa namjibu kwamba simwambii akae nyumbani. Namwambia aiache panga, akusanye karatasi za baba yake, awatafute wazee wanaoujua mpaka ule mnazi kwa mnazi, aandike majina yao, kisha aende ofisini asubuhi na mapema, asalimie, aketi. Akiambiwa arudi kesho, arudi kesho. Akiletewa karatasi ya kutia saini asiyoielewa, asitie, na aseme hatii, kwa sauti ile ile aliyosalimia nayo. Kazi hiyo ni ngumu kuliko kushika panga, na baadhi yao hawaiwezi. Wanaoiweza sijawasikia wakiitwa wanyonge.